Mkoba Kwenye Kiti Changu

Mheshimiwa Mgeni Rasmi. Ndugu Rais wa Chama cha Mpira pamoja na kamati yako. Kocha Mkuu wa timu yetu ya taifa ya wanawake. Wachezaji, ambao nawaona mmekaa kwa adabu kama watu wanaosubiri kupigwa picha ya pasipoti. Dada yangu, mama mzazi wa mwenye shughuli. Mke wangu, ambaye ameniomba tangu asubuhi niseme maneno machache. Mabibi na mabwana. Na ninyi mliosimama kule nyuma kwa sababu mmekuja bila kualikwa, kama nilivyokuwa nikifanya mimi kabla sijawa mtu mkubwa: habari za mchana.

Mshereheshaji amenitambulisha kwenu kama "mjomba wa mchezaji." Nimemsamehe, hajui historia. Naomba nijitambulishe upya. Timu yetu ina mfungaji aliyefikisha mabao arobaini na moja, sawasawa na rekodi ya nchi ambayo hakuna aliyewahi kuivuka. Mabao hayo yamefungwa na watu wawili. Mmoja ni yule pale, binti mfupi aliyefunika uso kwa viganja, ambaye ninyi mnamwita Kiberiti. Wa pili ni mimi.

Naona Mheshimiwa amemwinamia Rais wa Chama kumuuliza kama ni kweli. Mheshimiwa, usimuulize yeye, yeye kachaguliwa juzi. Niulize mimi. Kazi yangu ni kinyozi. Elimu yangu ni darasa la saba, na hilo la saba lenyewe nililisomea zaidi uani, kwa sababu mwalimu alikuwa na kawaida ya kunitoa nje kila nilipoanza kuchangia mada. Kwa hiyo mtaona kwamba kutolewa nje ni kipaji nilichoanza kukionyesha mapema.

Kwanza tukumbushane kilichotukusanya, maana mmekula vizuri na mtu aliyeshiba husahau. Leo saa kumi, katika uwanja huu uliopo nyuma ya ukuta huu, Kiberiti anacheza mechi yake ya mwisho. Magoti yamesema basi, na daktari wa timu ameyaunga mkono magoti. Akifunga hata bao moja, rekodi inakuwa yake peke yake. Asipofunga, anastaafu akiwa amelingana na Nyundo, yule mama mliyempigia makofi alipoingia, aliyekaa pale dirishani na kilemba cha bluu.

Na mimi je? Mimi pia nina mechi yangu leo. Hadi sasa ninavyozungumza, familia haijakubaliana kama wakati mpwa wangu anacheza mimi nitakuwa ndani ya uwanja au maegesho ya magari. Msicheke. Ni jambo zito, lina miaka mingi, na dada yangu hapo alipo ameshajiandaa kulisimamia kwa mikono yote miwili.

Nianze mwanzo kabisa. Watu wengi wamejitokeza siku hizi kusema wao ndio waliomgundua Kiberiti. Yupo mwalimu, yupo kocha wa mtaa, yupo hata muuza viatu mmoja. Swali langu kwao ni moja tu: mpira wake wa kwanza ulijazwa nini? Hawajui. Mpira wake wa kwanza ulijazwa nywele. Nywele za wateja wangu. Alikuwa akija saluni akitoka shule, anafagia chini ya kiti bila kuambiwa, nikadhani nimepata mtoto mpenda usafi. Kumbe anazibeba nywele kwenye mfuko wa plastiki mpaka kwa mama yake, ambaye ni fundi cherehani, naye akamshonea gunia la vipande vya vitambaa, wakazishindilia humo. Ukiupiga ulikuwa haudundi, unatua tu pale ulipo kama mgeni aliyechoka. Ndiyo maana mnamwona leo mpira ukimfikia mguuni haupigi hatua. Makocha wanaita ufundi. Mimi naita nywele.

Na Mheshimiwa, nilipotazama ratiba nikaona ndiwe Mgeni Rasmi, nilifurahi sana, kwa sababu enzi zile ulikuwa mteja wangu wa kila Jumamosi. Sehemu kubwa ya mpira ule ilitoka kwako. Wanaouliza nywele za Mheshimiwa zilikwenda wapi, zilikwenda timu ya taifa.

Anacheka, nashukuru. Mke wangu alinikataza mstari huo.

Niliendelea kumfundisha. Mguu wa kulia alizaliwa nao, sina ubishi. Lakini mguu wa kushoto ni kazi yangu. Lile bao la nusu fainali ya ugenini, lile la dakika za mwisho lililotuvusha, alilipiga kwa mguu gani? Wa kushoto! Kocha anatikisa kichwa. Kocha, nakuona, na hukuanza wewe. Nchi nzima inasema ulikuwa mguu wa kulia. Fundi baiskeli, jirani yangu ukuta kwa ukuta, tulibishana juu ya mguu huo mpaka akahamia kinyozi mwingine, na siku hizi anatembea na kichwa kilichonyolewa kama shamba lililoingiliwa na mbuzi, lakini harudi. Mimi nasema ulikuwa wa kushoto. Tuuache mguu huo hapo ulipo. Tutaurudia.

Sasa niwaeleze jinsi nilivyoanza kufunga.

Siku Kiberiti alipoichezea timu ya taifa kwa mara ya kwanza, saluni yangu ilijaa mpaka mlangoni. Nilikuwa nimeazima televisheni kubwa, nimeitundika juu ya kioo, na mimi nimesimama chini yake na mashine mkononi nikichambua. Nilikuwa najua kila kitu. Nilimweleza refa makosa yake, nilimweleza kocha nani amtoe, nilimweleza mpwa wangu wapi akimbilie, tena kwa sauti, ili anisikie huko aliko. Akaingia akitokea benchi. Akapata nafasi, akapaisha. Akapata nyingine, akamlenga kipa tumboni. Watu wakaanza kunitazama mimi, kana kwamba mguu ule ni wangu. Nikasema ngoja nikamwage maji machafu, nikatoka na beseni. Sijamaliza kuliinamisha, nikasikia saluni imelipuka. Nikarudi mbio, nakuta watu wamekumbatiana, mteja wangu wa kitini amesimama na shuka langu shingoni anacheza. Nikauliza, "Nini?" Wakasema, "Kafunga!" Nikasema, "Nani?" Wakanitazama kwa huruma.

Mechi ya pili nikakaa. Akagonga mwamba. Dada yangu alikuwepo siku hiyo, amekaa kwenye benchi la wateja na nguo ya mtu anaipiga pindo. Hakuinua hata macho kwenye sindano.

"Kaka," akasema, "hebu toka nje kidogo."

"Nitoke nimefanya nini?"

"Hujafanya kitu. Toka tu."

"Hii saluni ni ya nani?"

"Yako. Toka."

Nikatoka kwa kuonyesha kwamba ni upuuzi. Nilikuwa nimekwisha kuandaa hata maneno ya kurudi nayo. Sikuwahi kuyatumia. Kelele zilinikuta nimeshika komeo.

Tangu siku hiyo ikawa sheria. Hakuna aliyeipigia kura, hakuna aliyeisoma mahali. Kiberiti akikaribia eneo la hatari, mimi nje. Ikipigwa kona, nje. Penalti, nje, tena mpaka ng'ambo ya barabara, na mgongo uelekee saluni. Dada alisema nikigeuka ni sawa na niko ndani. Wateja wakaizoea mpaka wakawa wakali kuliko yeye. Nimewahi kufukuzwa na mtu niliyekwisha kumnyoa nusu kichwa. Nusu imetakata kama yai, nusu ni msitu, na yeye ndiye anayenisukuma mgongoni: "Mjomba, toka, toka, faulo hiyo!" Nikamwambia ndugu yangu nikimalizie kichwa kwanza. Akanijibu, "Kichwa kitangoja!" Nusu saa nzima amekaa vile na haoni aibu. Mabibi na mabwana, mtu huyo yumo humu ukumbini, na sitamtaja kwa sababu ni mtu wa heshima na anasimamia fedha za Chama.

Mwaka ule nilipovunjika mguu, na nilivunjika kwa ajili ya taifa, nikiwa juu ya ngazi nabandika picha ya Kiberiti kwenye ukuta wa saluni, nililazwa wodini, na wodi ile ilikuwa na televisheni. Nikasema leo nimepona. Mguu uko juu, umefungwa plasta, umening'inizwa kwa kamba; nani atanitoa? Kipindi cha pili, simu ya muuguzi ikalia. Akasikiliza. Akanitazama. Akasema, "Ndiyo, yupo. Ndiyo, anaangalia." Akaja na mwenzake, wakafungua breki za kitanda. Wagonjwa wote walikuwa upande wao; yupo mmoja aliyekuwa na mpira wa kupumulia puani, akautoa kidogo aseme, "Msukumeni mpaka mwisho wa korido." Nikasukumwa, mguu juu kama mlingoti wa bendera, mpaka karibu na stoo ya mifagio. Na akafunga. Nilirudishwa wodini kwa makofi, na mimi nikawapungia mkono. Ningefanyaje?

Mnaona basi kwamba sikusema uongo nilipodai nimeshiriki. Mchezaji gani mwingine amefanya kazi akiwa na plasta?

Na msidhani huko nje nilikuwa nakaa bure. Mtu akikaa nje ya jambo kwa muda mrefu, anajifunza kulisikia. Mimi nalijua bao kwa sikio kuliko ninyi mnavyolijua kwa macho. Mpira ukipita pembeni, watu husema "aaah" inayoshuka, kama hema linaloangushwa. Ukigonga mwamba, "aaah" hiyo hukatika katikati. Kipa akidaka, kuna mtu mmoja tu atakayetukana. Lakini likiwa bao, kabla ya kelele huja viti. Viti vinakwaruza sakafu vyote kwa pamoja, halafu pumzi moja ya kimya, ndipo kelele. Mimi nilikuwa naishi kwa ajili ya viti. Nikivisikia tu, mikono juu, peke yangu barabarani, wapita njia wananikwepa.

Alipoanza kupata jina na familia ikaanza kupewa nafasi hapa uwanjani, nilifikiri mambo yatabadilika. Dada akanikatia shauri siku ya kwanza. Kiti changu kipo, hakuna anayeninyima kiti. Safu ya pili, pembeni yake. Ila kiti kile nakikalia wakati wa wimbo wa taifa. Filimbi ikilia, nainuka, nashuka ngazi, napita geti, nakwenda kusimama karibu na wauza maji. Na dada, ili mtu mwingine asije akakaa pale na kuleta mambo yake, anaweka mkoba wake juu ya kiti. Mkoba ule mweusi, mnauona, upo mapajani mwake sasa hivi. Mkoba huo umeona mechi nyingi kuliko mwandishi yeyote wa michezo katika nchi hii. Kama ungekuwa na mdomo, ungekuwa unahojiwa redioni.

Sasa niseme juu ya Nyundo, na hapa sitanii, au nitajitahidi. Huyu mama alifunga mabao yake enzi ambazo mashabiki wote wa timu ya wanawake mngeweza kuwapakia kwenye pikipiki mbili. Walikuwa wakibadilisha nguo nyuma ya basi huku kipa amewashikia shuka. Jezi walipewa zilizochakaa za wanaume, na ya Nyundo ilimfika magotini, kiasi kwamba mabeki hawakujua miguu yake inaanzia wapi. Mbele ya nani alifunga mabao arobaini na moja? Nani aliyashangilia? Kuna anayekumbuka hata moja? Na bado aliyafunga yote, akaenda zake nyumbani, akaanza kuwafundisha mabinti wa mtaani kwake bila kudai shukrani. Asubuhi ya leo waandishi wamemzunguka pale getini, wanamuuliza kama itamuuma kupitwa. Nilikuwepo, kwa sababu geti ndilo eneo langu la kazi. Akawaambia, "Wanangu, nimesafiri kutwa nzima kuja kupitwa. Kitakachoniuma ni anipite nikiwa chooni."

Wote wakacheka. Mimi nilicheka nikanyamaza katikati, kama mpira uliogonga mwamba. Kwa sababu kuna mtu mwingine naye alikuwa amenitamkia maneno kama hayo wiki hii.

Kiberiti alikuja saluni. Hakuja kunyoa, nywele zake husukwa. Alikuja akakaa kwenye kiti cha wateja, akakizungusha kama alivyokuwa akifanya utotoni, halafu akaweka tiketi juu ya meza yangu, kati ya chanuo na poda.

"Yako, Mjomba."

"Ninayo sehemu yangu," nikamwambia. "Mama yako ameshanipanga. Safari hii hata wimbo wa taifa siingii. Anasema bao ni moja tu linalotakiwa, hatuwezi kubahatisha. Nitakaa maegesho, ndani ya gari, vioo vimepandishwa."

"Vioo vimepandishwa?"

"Nisije nikasikia vibaya nikageuka."

Akacheka, lakini si sana. Akasema, "Mjomba, unajua nikifunga huwa nakimbilia wapi?"

"Kwenye kibendera cha kona. Nasikia hivyo."

"Nakimbilia upande wenu. Nawatafuta. Namwona mama anaruka. Namwona shangazi, mkeo, analia. Na pembeni yao naona mkoba." Akakizungusha tena kiti. "Nimemaliza mpira wangu wote, Mjomba, nikishangilia na mkoba."

Mimi, mtu wa maneno! Nikashika brashi, nikaanza kumpangusa mabega, na hana hata unywele mmoja.

"Na ukikosa?" nikamuuliza. "Nikiwa pale, ukakosa?"

"Nitakuwa nimekosa ukiwa pale. Si ndivyo watu wengine wanavyokosa?"

Kisha akaondoka, na tiketi ikabaki. Ninayo hapa mfukoni. Nimeipapasa tangu supu.

Dada yangu, hili unalisikia kwa mara ya kwanza, naona umeukumbatia mkoba. Sikulaumu. Wewe ndiye uliyemzaa, wewe ndiye uliyempigia pindo kaptula za kwanza, wewe ndiye uliyekuwa ukiambiwa na majirani kwamba unaharibu mtoto wa kike, ukanyamaza na cherehani yako. Ulikuwa na hofu, na hofu haina pa kushika, ukanishika mimi. Ningekuwa ni mimi ningekushika wewe. Na tukisimama hapa kubishana, utanishinda, kwa sababu una ushahidi wa mabao arobaini na moja, nami sina kitu.

Ila ninacho kimoja. Nimekificha kwa miaka, na nilikusudia nife nacho, maana kikitoka mimi sitakuwa tena mfungaji. Nitakuwa mjomba tu, kama alivyosema mshereheshaji. Mke wangu, usinikonyeze. Nimesimama, ngoja niseme.

Kinyozi ana vioo viwili. Kimoja kikubwa cha ukutani, na kingine kidogo cha mkononi, kile cha kumwonyesha mteja kisogo chake ili aseme "sawa" hata kama si sawa. Siku ya nusu fainali ile ya ugenini, nilikuwa namwonyesha mtu kisogo. Ikatolewa faulo karibu na goli lao, dakika zimekwisha, na saluni nzima ikanigeukia kwa pamoja: "Mjomba!" Nikatoka mbio, kioo kidogo bado kiko mkononi. Nikasimama nje, mgongo ukielekea mlango, kama sheria inavyotaka. Sikugeuka. Naapa sikugeuka. Niliinua mkono kufuta jasho, na ndani ya kioo kile, juu ya bega langu, nikaiona televisheni.

Ilikuwa ndogo kama stempu. Ningeweza kushusha mkono. Sikuushusha. Nikamwona mtoto wetu amesimama nyuma ya mpira, kiuno ameshika, anapumua. Nikajiambia fumba macho, unaiua nchi. Sikufumba. Akapiga hatua, akaupiga, mpira ukazunguka ukuta wa mabeki, ukaingia. Nimeuona, jamani. Nimeuona kwa macho haya mawili, niko pale pale, natazama, na umeingia vile vile. Nyavu zimetikisika kabla sijasikia viti.

Kwa hiyo nilijua. Tangu siku ile nimejua kwamba kutoka kwangu nje hakujawahi kufunga hata kona. Niligeuka kuingia niwaambie. Mdomo nilikuwa nimeshaufungua. Lakini mlangoni nikakutana na yule wa nusu kichwa... basi, mtunza fedha, amejitaja mwenyewe kwa kucheka, akanikumbatia na sabuni zake zote, akaniinua juu, akasema, "Mjomba, umetufungia!" Na watu wote wakaimba. Wakanibeba mpaka kwa fundi baiskeli na kurudi. Sasa nyie niambieni, mtu aliyesomea uani, ambaye maisha yake yote amesimama nyuma ya visogo vya watu, akibebwa juu hivyo, aseme "nishusheni, sikufanya kitu"? Nani kati yenu angesema? Nikaufunga mdomo. Na mechi iliyofuata, nikatoka mwenyewe kabla ya kuambiwa.

Marudio ya bao lile sijayatazama mpaka leo. Yakianza, natoka pia. Ndilo bao pekee nililowahi kuliona likiingia, na sikutaka kuonyeshwa jingine badala yake.

Dada yangu, sina la kuongeza. Akikosa leo, nitakosa naye, na wewe utanisema mpaka kiyama, nami nitanyamaza. Lakini akifunga akakimbilia upande wetu, nataka akute mtu. Naomba, mbele ya Mheshimiwa na kamati nzima, uondoe mkoba wako kwenye kiti changu.

Ameuweka chini. Mmeona wote? Ameuweka chini ya meza. Mheshimiwa, wewe ni shahidi.

Mpwa wangu, acha kulia, utapoteza maji na una mechi. Mama Nyundo, nitakaa nyuma yako kidogo. Ukiinuka kwenda chooni nitakushika kilemba. Na atakayekaa upande wangu wa pili namwomba anistahimili: nimezoea kusubiri viti, naweza kuchelewa kushangilia.

Namshukuru mpishi, nawashukuru Chama kwa kunipa kipaza sauti bila kujua, na ninyi nyote nawashukuru kwa kuniazima masikio yenu muda mrefu kuliko nilivyopangiwa. Twendeni uwanjani.

Naam, Kocha, umenyoosha mkono. Najua, sijasahau, niliahidi tutaurudia mguu. Kioo hugeuza, ndugu zangu. Kushoto huwa kulia, kulia huwa kushoto, na kinyozi asiyejua hilo alipaswa kutafuta kazi nyingine. Nililigundua wiki ile ile, mteja alipoelekeza kidole kwenye kioo kwamba nimpunguze upande wa kulia. Lakini nilikuwa nimeshaapa mbele ya mtaa mzima. Mwambieni fundi baiskeli arudi, nitamnyoa.

Ulikuwa mguu wa kulia.